Je, Sinema Yaweza Kumlisha Mtu?

Mzazi anapoambiwa na mwanawe kwamba anataka kuwa askari, mwalimu au mganga, hujua la kujibu. Kazi hizo zina njia inayojulikana: kuna mtihani, kuna chuo, kuna cheo cha kwanza na cha pili, na mwisho wa mwezi kuna mshahara, japo mdogo. Lakini akiambiwa kwamba mwana anataka kutengeneza sinema, aghalabu mzazi hukaa kimya kitambo, kisha huuliza swali moja tu: utakula nini?

Swali hilo ndilo lililonitoa Gitega, ninakofanya kazi katika ofisi moja ya serikali, likanipeleka Muyinga kwa dada yangu. Mumewe ni sajini jeshini, na alipata kutumikia Somalia katika kikosi cha Umoja wa Afrika. Yeye ndiye aliyenitumia salamu kwamba mpwa wangu, kijana wa miaka 19 aliyekwisha kumaliza shule ya sekondari, hataki kusikia habari ya jeshi wala ya ualimu. Anataka kamera. Kwa desturi yetu mjomba huitwa katika jambo kama hilo. Na kwa kuwa mimi nina cheti cha ualimu, na nilipata kufundisha miaka sita kabla ya kuhamia ofisini, walidhani kwamba ninayo dawa ya vijana. Nikapanda gari kwa njia ya Karuzi, baada ya kungoja nusu siku kituoni kwa ajili ya uhaba wa mafuta.

Muyinga ni mji ambao Kiswahili hakikosekani sokoni, maana mpaka wa Kobero hauko mbali na wafanyabiashara wa Tanzania huingia na kutoka. Pamoja na bidhaa zao huingia filamu. Katika vibanda vya video watu hubanana juu ya mabao, na sauti ya msimulizi anayetafsiri kwa Kiswahili huzidi sauti za wachezaji wenyewe. Huko ndiko mpwa wangu alikopatia elimu yake ya sinema, na huko ndiko alikoiona filamu ya Kenya iitwayo Nairobi Half Life.

"Mjomba," aliniambia, "filamu ile imetengenezwa na Wakenya, lakini nyuma yao alikuwapo Mjerumani mmoja aliyekataliwa na vyuo vya sinema."

Alilitamka neno hilo la kukataliwa kwa furaha, kana kwamba ni shahada. Shemeji akatikisa kichwa. Mimi nikaomba nipewe muda wa kuichunguza habari ya Mjerumani huyo kabla sijatoa neno langu.

Jina lake ni Tom Tykwer. Alizaliwa tarehe 23 Mei 1965 huko Wuppertal, mji wa viwanda magharibi mwa Ujerumani, unaojulikana kwa treni yake inayoning'inia chini ya reli, juu ya mto. Alipokuwa na miaka 11 alianza kutengeneza filamu ndogo ndogo kwa kamera ya Super 8, ile kamera ya mkononi ambayo jamaa za Ulaya walikuwa wakiitumia kupigia picha za harusi na matembezi. Alisaidia kazi katika jumba moja la sinema la mjini kwao ili apate kuona filamu nyingi, hata zile ambazo kwa umri wake asingeuziwa tikiti. Alipomaliza shule aliomba nafasi katika vyuo kadhaa vya sinema barani Ulaya. Hakupata hata kimoja.

Hapo ndipo vijana wetu hupenda kuikatiza hadithi. Husema: alikataliwa, kisha akawa mashuhuri. Baina ya mambo hayo mawili ipo miaka zaidi ya kumi, na miaka hiyo ndiyo niliyoitafuta kwa makusudi, kwani ndiyo inayomhusu mzazi. Tykwer alihamia Berlin akafanya kazi ya kuendesha mashine ya kuonyeshea filamu. Mtu wa kazi hiyo hukaa katika chumba kidogo nyuma ya watazamaji, chenye joto na kelele, akibadilisha mizunguko ya filamu kwa wakati wake. Akichelewa, ukumbi mzima humzomea. Mwaka 1987, akiwa na miaka 22, alikabidhiwa kazi ya kuchagua na kupanga filamu za kuonyeshwa katika jumba la Moviemento. Hiyo ilikuwa kazi ya ujira, nayo ilikuwa pia darasa. Mtu akaaye katika jumba la sinema kila usiku huona jinsi kazi za wengine zinavyopokewa: mahali watu wanapocheka, wanapokohoa, na wanapotoka kwenda kuvuta sigara.

Huko alijuana na mtengenezaji mwingine wa filamu wa kujitegemea, Rosa von Praunheim (jina ni la kike, lakini ni mwanamume). Huyu alimpa shauri jepesi: atunge kutokana na maisha yake mwenyewe; mathalani, ayarekodi magomvi yake na mpenzi wake na kuyageuza kuwa filamu fupi. Tykwer akafanya hivyo. Filamu hiyo, Because, ilionyeshwa mwaka 1990 katika tamasha la sinema la mji wa Hof, ikapendwa. Ya pili, Epilog ya mwaka 1992, ilimwingiza katika deni. Namwomba msomaji alishike neno hilo la deni, maana nilipoyaeleza haya Muyinga dada yangu alilishika mara moja, wala hakuliachia tena.

Filamu yake ndefu ya kwanza, Die tödliche Maria, ilitoka mwaka 1993. Mwaka uliofuata yeye na wenzake watatu, Stefan Arndt, Wolfgang Becker na Dani Levy, waliunda kampuni yao, X Filme Creative Pool. Kwangu mimi kuundwa kwa kampuni hiyo kuna uzito kuliko tuzo zote alizopata baadaye. Mtengenezaji wa filamu akiwa peke yake ni ombaomba. Huzunguka na karatasi zake kutoka ofisi hii hadi ile, na kila ofisi humwambia arudi wiki ijayo. Wanne wakishikana, filamu ya mmoja ikileta faida huweza kulipia jaribio la mwingine. Akina mama wa vikundi vyetu vya kuweka akiba na kukopeshana hawahitaji kufafanuliwa zaidi.

Wala neno "kujitegemea" lisitupoteze. Katika Ujerumani fedha nyingi za sinema hutoka katika mifuko ya serikali na ya majimbo, na katika vituo vya televisheni. Anayejitegemea huko ni yule asiyeajiriwa na kampuni kubwa, ambaye neno la mwisho juu ya kazi yake ni lake. Kusaidiwa husaidiwa. Jambo hili nililisema wazi mbele ya mpwa wangu, kwa sababu vijana hudhani kwamba kujitegemea ni kutomhitaji mtu.

Mwaka 1998 ikatoka Lola rennt, yaani Lola anakimbia. Kijana mmoja amepoteza marki 100,000 za majambazi, na mpenzi wake Lola ana dakika 20 tu za kuzipata na kumfikishia kabla hajavamia duka kwa bastola. Msichana anakimbia, mambo yanaharibika, hadithi inaanza upya. Yasimuliwa mara tatu, na kila mara jambo dogo, kama vile kuchelewa kidogo kwenye ngazi, hubadilisha mwisho wake. Filamu nzima haifiki dakika 90, na muziki wake wa kwenda mbio Tykwer aliutunga yeye mwenyewe pamoja na wenzake. Ilimtoa Ujerumani ikampeleka ulimwenguni. Yaliyofuata nitayapitia upesi: alitengeneza Perfume mwaka 2006, na mwaka 2012, pamoja na ndugu wawili Wachowski wa Marekani, Cloud Atlas iliyogharimu zaidi ya dola milioni 100, fedha ambazo walizichanga nje ya utaratibu wa kawaida wa Hollywood. Ni ukubwa ambao haumsaidii kijana wa Muyinga kwa lolote.

Kinachomsaidia kilianza Nairobi. Marie Steinmann, aliyekuja kuwa mke wa Tykwer, alikuwa akiwapelekea watoto wa Kibera masomo ya sanaa, na mwaka 2008 wawili hao wakaanzisha One Fine Day Films. Mpango wao ulikuwa hivi. Watu waliokwisha kuianza kazi hiyo katika nchi mbalimbali za Afrika waliitwa Nairobi kwa mafunzo, wakagawanywa kwa fani zao: waandishi, waongozaji, wapiga picha, watu wa sauti, wahariri, wapambaji. Walimu wao walikuwa watu wenye uzoefu wa kazi hizo hizo. Mafunzo yakiisha, filamu nzima ilitengenezwa, Mkenya akiongoza, na waliofunzwa wakishika nafasi zao. Shirika la DW Akademie la Ujerumani na kampuni ya Ginger Ink ya Nairobi walishirikiana katika kazi hiyo. Tykwer mwenyewe alikuwa msimamizi na mshauri. Kiti cha mwongozaji hakukikalia.

Ya kwanza, Soul Boy ya Hawa Essuman, ilionyeshwa mwaka 2010. Ni kisa cha mtoto Abila wa Kibera, ambaye baba yake anaamka asubuhi moja akisema ameibiwa nafsi, na mtoto anatoka kwenda kuitafuta. Baadaye zikaja Something Necessary ya Judy Kibinge, Veve ya Simon Mukali, na Kati Kati ya Mbithi Masya. Lakini iliyovuma kuliko zote ni ya pili, Nairobi Half Life ya mwaka 2012, iliyoongozwa na David Tosh Gitonga. Kenya iliipeleka Marekani kushindania tuzo ya Oscar ya filamu za lugha za kigeni. Ilikuwa mara ya kwanza nchi hiyo kufanya hivyo.

Tuliiangalia pamoja nyumbani kwa dada, televisheni ikiwa imewekwa juu ya kabati la vyombo. Mwas ni kijana wa shamba auzaye filamu, naye huigiza mbele ya wateja yaliyomo ndani yake. Anakwenda Nairobi kutafuta uigizaji, anaibiwa kila kitu siku ile ile anayofika, analala rumande, na mwisho anaishi maisha mawili: mchana jukwaani katika mchezo wa kuigiza, usiku katika genge la wezi. Watu husema Kiswahili, Sheng na Kigikuyu, kama wasemavyo Nairobi. Wasomaji walio polisi watakunja uso, kwa sababu humo wamo polisi wala rushwa wanaowapiga risasi vijana wa genge. Shemeji naye alikunja uso, ila kwa sababu nyingine.

"Huyu anavyoishika bastola," alisema, "hajapata kufundishwa."

Kijana akamjibu kwa adabu, "Baba, ni mwizi. Nani angemfundisha?"

Ilikuwa mara ya kwanza katika siku ile wawili hao kucheka pamoja, nami nikaona kwamba safari yangu haikuwa bure.

Jioni ya pili tuliiangalia Supa Modo ya Likarion Wainaina, iliyoonyeshwa Berlin Februari 2018 katika tamasha kubwa la huko, sehemu ya filamu za watoto. Majirani walikuja na viti vyao. Msichana mdogo, Jo, ana ugonjwa usiotibika. Mama yake anamtoa hospitali amrudishe kijijini Maweni afie nyumbani. Mtoto huyo hupenda filamu za mashujaa warukao angani. Dada yake anawashawishi wanakijiji wote wajifanye kuamini kwamba Jo anazo nguvu za ajabu, na hatimaye kijiji kizima kinatengeneza filamu ambayo yeye ndiye shujaa wake: shuka, mbao, kamera moja, na kila mtu akipewa kazi. Mama mmoja jirani, ambaye alimzika mtoto, alitoka nje kabla ya mwisho. Dada yangu akamfuata wakaketi barazani. Mimi ni mtu wa makaratasi, sina ufundi wa kuhukumu sinema, lakini nadhani filamu hii ya mtoto mgonjwa ni bora kuliko ile ya wezi, na haikupata sifa inayoistahili huku kwetu kwa sababu haina bastola.

Najua lipo neno zito la kusemwa hapa. Wajerumani walipoihamishia Gitega makao ya utawala wao mwaka 1912 hawakuja kutufundisha jinsi ya kusimulia hadithi zetu. Leo akija Mjerumani na fedha, na walimu, na ushauri, je, hadithi inayotoka ni ya nani? Nimelitafakari sana swali hilo. Ni kweli kwamba mwenye fedha huwa na sauti, hata asipofungua kinywa. Lakini nikitazama yaliyofuata naona waliopita katika mafunzo yale hawakubaki wakingoja kualikwa tena. Gitonga aliongoza filamu nyingine, Disconnect, mwaka 2018, ya mapenzi na vichekesho, isiyo na umaskini wa kuwaonea huruma. Judy Kibinge aliuanzisha mfuko wa Docubox, unaowasaidia Waafrika Mashariki kutengeneza filamu za hali halisi. Kwa hiyo nasema fedha ile ilitumika vizuri, ingawa ningefurahi zaidi kama ingalitoka Nairobi.

Na sisi Burundi? Hatuko mikono mitupu. Léonce Ngabo, ambaye watu walimjua pia kwa nyimbo zake, alitengeneza filamu ndefu ya kwanza ya nchi hii, Gito l'ingrat, mwaka 1992. Gito amesoma Ufaransa. Anarudi na shahada akidhani serikali inamngoja kwa kiti cha uwaziri, na hakuna anayemngoja isipokuwa msichana aliyemwacha nyumbani. Kila mtumishi wa serikali anapaswa kuiona. Mwaka uliofuata nchi iliingia vitani, na mambo mengi yaliyokuwa yameanza yakakatika. Mwaka 2009 Ngabo huyo huyo akaanzisha FESTICAB, tamasha la kimataifa la sinema la Burundi. Inampasa mtu kuihesabu miaka hiyo: kumi na saba tangu filamu hadi tamasha, kwa mtu ambaye hakuwa na X Filme ya kumbeba.

Hesabu hiyo niliipeleka kwenye kikao cha nyumbani. Shemeji alisema kwamba kazi ambayo vita vyaweza kuikatiza miaka kumi na saba si kazi. Mpwa wangu akajibu kwamba vita hukatiza kila kazi isipokuwa ya baba yake. Lilikuwa jibu kali kwa mtoto kumpa mzazi, nami nilimkemea. Lakini shemeji hakukasirika, alitazama chini tu.

Neno langu lilikuwa hili. Asinunuliwe kamera. Aende katika studio ya picha pale mjini akaombe kazi yoyote, hata ya kubeba taa na kuzungusha nyaya katika harusi, apate ujira na kuitumia kamera ya mwenyewe. Kwani Tykwer naye alikula kwa kuonyesha filamu za watu wengine. Dada yangu akaongeza sharti lake: pasiwe na mkopo, hata wa faranga moja. Shemeji akaongeza la kwake, kwamba mwaka mmoja ukipita bila kijana kuleta kitu mezani, mazungumzo ya jeshi yarudi. Mimi nilijitolea kununua kinasa sauti kidogo cha kuunganisha na simu, maana katika filamu za vijana alizonionyesha picha zilikuwa nzuri na maneno hayakusikika.

Kijana akakubali yote. Nilipomuuliza atatengeneza nini kwanza, nikitaraji wezi na bastola, alisema anataka kumrekodi baba yake juu ya Somalia. Alikuwa amelisikia shauri la yule Rosa kuliko nilivyodhani. Shemeji alikataa papo hapo. Kuna mambo, alisema, ambayo askari hasemi, na mengine hawezi kuyasema hata akitaka. Wasomaji wengi wa gazeti hili wanajua kwamba hayo ni makundi mawili tofauti.

Nilirudi Gitega. Miezi miwili baadaye kijana alipata vipindi vichache vya Babylon Berlin, tamthilia ya televisheni ambayo Tykwer na wenzake Achim von Borries na Henk Handloegten walianza kuionyesha mwaka 2017, yenye maandishi ya Kifaransa chini. Mhusika wake mkuu ni mpelelezi wa polisi, Gereon Rath, katika Berlin ya mwaka 1929. Huyu alipigana vita vya 1914 hadi 1918, na ingawa miaka kumi imepita, mwili wake hutetemeka bila yeye kutaka. Huwaficha wenzake kazini, na hubeba dawa mfukoni. Dada aliniambia kwa simu kwamba shemeji alikuwa akila wakati ule. Aliweka kijiko, akaomba warudishe nyuma pale mikono ya mpelelezi inapotetemeka. Wakarudisha. Akaomba tena.

Jumapili iliyofuata alimwambia mwanawe alete simu na kile kinasa sauti. Walikaa nyuma ya nyumba, penye migomba, watoto wadogo wakiwa wamepelekwa kwa jirani. Alisema kwa dakika 40. Hakutaja jina la kambi wala la mwenzake yeyote. Mpwa wangu anasema aliuliza maswali matatu tu, na la tatu halikujibiwa.

Hadi ninapoandika haya rekodi hiyo haijakatwa wala kuunganishwa, na shemeji hajatoa ruhusa aionaye mtu yeyote, nami nikiwa mmojawapo. Kijana yumo studioni, siku za harusi hulipwa. Dada yangu ameifunga flashi ile katika kitambaa, akaiweka ndani ya sanduku pamoja na vyeti vya kuzaliwa vya watoto.